Fleury-devant-Douaumont: kijiji chenye meya kisicho na mkazi hata mmoja

Kwenye orodha rasmi ya idadi ya watu ya Ufaransa, komine namba 55189 ina watu 0. Inaitwa Fleury-devant-Douaumont, iko mkoa wa Meuse, kilomita kama saba kaskazini-mashariki ya mji wa Verdun. Komine ni ngazi ya chini kabisa ya utawala wa Kifaransa, na wasomaji wa Bujumbura na Lubumbashi wataitambua mara moja kwa sababu Wabelgiji waliwaachia kitu cha aina hiyohiyo. Fleury ina kila kinachotakiwa kisheria: mipaka, namba ya takwimu, meya. Nyumba haina. Kabla ya Vita vya Kwanza vya Dunia kilikuwa kijiji cha watu 422, wakulima na watu wa kazi za mbao.

Hiyo sifuri husomwa vibaya mara nyingi. Mtu akikuta kijiji cha watu 422 kimefika 0, huandika kwamba wanakijiji waliangamizwa. Sivyo. Raia wa Fleury waliamriwa kuondoka tarehe 21 Februari 1916, siku mizinga ya Wajerumani ilipoanza kuipiga Verdun, wakaondoka na vile walivyoweza kubeba. Waliokufa kwa maelfu juu ya ardhi yao walikuwa askari kutoka kwingine. Sasa tazama Oradour-sur-Glane, kijiji kingine cha Ufaransa, upande wa Limoges. Huko tarehe 10 Juni 1944 kikosi cha SS, jeshi la Wanazi wa Ujerumani, kiliua watu 643, wanaume, wanawake na watoto, lakini kijiji kipya kilijengwa kando ya magofu na leo komine hiyo ina watu zaidi ya 2,000. Kwa hiyo pale raia walipochinjwa, jedwali la leo linaonyesha watu. Pale raia walipohamishwa, linaonyesha sifuri. Idadi ya watu peke yake haisemi kilichotokea. Anayetaka historia ya kijiji lazima afungue madaftari yaliyo nyuma ya namba, na Ufaransa ina madaftari hayo kwa wingi ambao nchi chache zinao.

Tuanze na vita, maana bila hivyo hata madaftari hayaeleweki. Fleury ilikaa juu ya mgongo wa kilima kati ya ngome ya Souville na ngome ya Douaumont. Aliyeshika mgongo ule aliiona njia ya kuteremkia Verdun. Ngome ya Douaumont ilianguka mikononi mwa Wajerumani tarehe 25 Februari 1916. Usiku wa 22 kuamkia 23 Juni walimimina makombora ya gesi ya sumu juu ya mizinga ya Wafaransa, na asubuhi wakaishambulia Fleury. Kuanzia hapo hadi Agosti kijiji kilitekwa na kukombolewa mara 16. Kufikia hapo hapakuwa tena na kijiji cha kuteka: askari walipigania rundo la mawe, baadaye vumbi la mawe. Tarehe 18 Agosti RICM, yaani rejimenti ya Kifaransa ya askari wa miguu wa kikoloni iliyobeba jina la Morocco, ilikishika kwa mara ya mwisho. Kikosi hichohicho ndicho kilichoikomboa ngome ya Douaumont tarehe 24 Oktoba, na pamoja nacho walipigana Watirayeri wa Senegal, yaani askari wa miguu Waafrika wa jeshi la Ufaransa, na kombania mbili za askari walioandikishwa Djibouti, katika lililokuwa koloni la Wafaransa la pwani ya Wasomali. Pwani yetu ya mashariki ina damu yake pale, ingawa hutajwa mara chache.

Vita vilipokwisha, wenyeji walitaka kurudi. Hii ndiyo sehemu ambayo maelezo mengi huiruka, nami naiona ndiyo sehemu nzito kuliko zote, kwa kuwa hapa ndipo sifuri ilipotengenezwa. Sheria ya tarehe 17 Aprili 1919 ilimpa kila aliyeharibiwa mali haki ya kufidiwa. Mwenye nyumba alijaza fomu akiorodhesha vyumba, ghala, mifugo, majembe, hata samani. Thamani ya msingi ilikuwa ile ya 1914. Aliyekubali kujenga upya alilipwa nyongeza ya kufidia kupanda kwa bei, alimradi ajenge kwenye komine yake au ndani ya kilomita 50, bila kutoka eneo lililoharibiwa. Asiyejenga alibaki na thamani ya zamani, ambayo kwa bei za 1920 haikununua kitu cha maana. Kisha palikuwa na kifungu kingine: pale ambapo kusafisha shamba kungegharimu kuliko thamani ya shamba lenyewe, serikali ililinunua.

Fleury iliangukia kwenye kifungu hicho. Udongo ulipinduliwa hadi mawe ya chokaa ya chini yakaja juu. Ndani yake mlikuwa na makombora ambayo hayakulipuka, seng'enge, risasi, na maiti ambazo hakuna aliyejua ziko wapi. Jembe la farasi lingegonga kombora kabla ya kumaliza mfereji mmoja. Eneo hilo likapewa jina la Eneo Jekundu, na kwa Ufaransa nzima lilivuka hekta 100,000 katika hesabu za mwanzo. Sehemu kubwa ilisafishwa baadaye na kurudishwa kwa wakulima. Mgongo wa Fleury haukurudishwa. Ulipandwa miti, hasa misonobari myeusi ya Austria, kwa kuwa inavumilia udongo duni wa chokaa, na leo yote ni msitu wa serikali. Mtu wa Fleury alilipwa fedha zake na akajenga penginepo. Ndivyo kijiji kilivyopoteza watu: kwa karatasi, miaka kadhaa baada ya mizinga kunyamaza.

Ila komine haikufutwa. Sheria ya tarehe 18 Oktoba 1919 ilivipa vijiji vya namna hii kamati ya manispaa yenye mwenyekiti, na mamlaka sawa na ya baraza na meya. Wajumbe wake huteuliwa na prefeti, mwakilishi wa serikali mkoani, kwa kuwa hakuna wapigakura wa kuwachagua. Vijiji vilivyoharibiwa kabisa kuzunguka Verdun vilikuwa tisa. Sita havikujengwa upya na vina sifuri hadi leo: Beaumont-en-Verdunois, Bezonvaux, Cumières-le-Mort-Homme, Fleury-devant-Douaumont, Haumont-près-Samogneux na Louvemont-Côte-du-Poivre. Vingine vitatu, yaani Douaumont, Ornes na Vaux, vilipata tena wakazi wachache, na kwa hiyo huchagua baraza kama kawaida. Douaumont na Vaux viliunganishwa tarehe 1 Januari 2019 kuwa komine moja, Douaumont-Vaux. Ukilinganisha jedwali la 2018 na la 2020 bila kulijua hilo, utadhani Vaux imetoweka.

Kuna komine nyingine inayochanganywa na hizi sita, nayo ni Rochefourchat, mkoa wa Drôme, ambayo sensa kadhaa ziliikuta na mkazi mmoja. Lakini Rochefourchat haikupigwa bomu. Iliishiwa na watu pole pole, kama vijiji vingi vya milimani, na inachagua baraza lake kwa sababu sheria ya Ufaransa inamruhusu anayelipa kodi za eneo kujiandikisha kupiga kura hapo hata kama analala kwingine. Fleury haina walipa kodi wa namna hiyo, ardhi ni ya serikali.

Sasa namna ya kuhesabu. Taasisi ya takwimu ya Ufaransa, INSEE, haifanyi tena sensa ya siku moja. Tangu 2004, komine yenye watu chini ya 10,000 huhesabiwa yote mara moja kila miaka mitano, moja ya tano ya komine kila mwaka, kuanzia Januari hadi Februari. Karani hupewa nyumba zisizozidi 250 hivi. Kisha INSEE husawazisha hesabu zote ziwe za mwaka mmoja wa kati, ndiyo sababu idadi iliyoanza kutumika tarehe 1 Januari 2025 inahusu hali ya tarehe 1 Januari 2022. Anayeandika "mwaka 2025 kijiji kina watu kadhaa" amekosea kwa miaka mitatu, na kwa kijiji cha watu 60 miaka mitatu ni familia mbili au tatu. Kosa jingine ni kuchanganya idadi ya manispaa na idadi ya jumla. Idadi ya jumla huongeza wanaohesabiwa kando, kwa mfano mwanafunzi anayelala bwenini mji mwingine huku nyumba ya wazazi ikiwa kijijini. Chukua idadi ya manispaa. Ukijumlisha ya jumla kwa komine zote, watu wengine wanaingia mara mbili.

Zamani kosa hilo lilikuwa na sura ya kijeshi. Askari wa kambi walihesabiwa kando, na eneo la Verdun lilijaa ngome. Ukiona komine ndogo ya Meuse imepanda ghafla kabla ya 1914, usikimbilie kusema ilistawi. Angalia kwanza kama takwimu uliyoipata imejumuisha askari au wafanyakazi wa ujenzi wa ngome.

Sensa za kale zilifanywa kila baada ya miaka mitano, kwenye miaka inayoishia na 1 na 6, na kuanzia 1836 zikawa na orodha ya majina. Ile ya 1871 ilisogezwa hadi 1872 kwa sababu ya vita na Prussia, ya 1916 haikufanyika, wala ya 1941. Kwa kijiji kama Fleury, orodha ya Machi 1911 ndiyo dhahabu. Kila mstari ni mtu mmoja, na pembeni mna namba tatu: ya nyumba, ya kaya, na ya mtu. Halafu jina la ukoo, jina la kwanza, mwaka wa kuzaliwa, mahali pa kuzaliwa, uraia, uhusiano na mkuu wa kaya, kazi, na mara nyingi jina la mwajiri. Mwaka na mahali pa kuzaliwa vinaonekana kuanzia 1906. Orodha nyingi za nyuma hutoa umri tu, na umri wa watu wazima huelekea kuishia na sifuri au tano kwa kuwa mtu alikadiria. Karani alipochoka kuandika alitumia "id.", maana yake "kama hapo juu", na "id." moja iliyorukwa inaweza kumfanya mhunzi kuwa mwoka mikate. Ukimaliza kunakili, nenda ukurasa wa mwisho wenye majumlisho ulinganishe. Hesabu zisipokutana, kwa kawaida kuna ukurasa wa kitongoji ulioshonwa mahali si pake.

Kabla ya 1836, hakuna orodha ya kutegemea kijiji kwa kijiji, hivyo hutumika rejista za kanisa. Amri ya Villers-Cotterêts ya 1539 iliwataka mapadri waandike ubatizo. Ya Blois ya 1579 ikaongeza ndoa na mazishi. Ya 1667 ikadai nakala mbili, moja ibaki parokiani na nyingine iende masijala ya mahakama. Tarehe 20 Septemba 1792 kazi yote ikahamishiwa kwa meya. Utaratibu wa nakala mbili ulitungwa na wanasheria, lakini ndio uliookoa historia ya vijiji vingi vilivyoungua, kwa kuwa nakala ya ofisi ya meya huungua pamoja na ofisi.

Kukadiria watu kutokana na ubatizo ni kazi ya penseli. Jumlisha ubatizo wa miaka kumi mfululizo, tafuta wastani, zidisha kwa 25 hadi 27. Ubatizo 120 ndani ya miaka kumi ni 12 kwa mwaka, kwa hiyo kijiji kilikuwa na watu kama 300 hadi 325. Usitumie mwaka mmoja, hasa mwaka wa njaa au wa baada ya njaa. Orodha za kodi nazo hutoa idadi ya majiko, yaani kaya, ambayo huzidishwa kwa 4 hadi 5. Mjane na maskini asiyetozwa kodi huenda hawamo, basi tumia orodha hiyo kupima makadirio ya ubatizo, usiifanye msingi. Waprotestanti hawamo pia kwenye rejista za padri. Mazishi ya watoto wachanga kabla ya karne ya 18 yalirukwa mara kwa mara, hivyo usipige hesabu ya vifo kwa rejista za miaka ya 1600.

Kipindi cha Mapinduzi ya Ufaransa kina mitego miwili. Kalenda ya jamhuri, waliyoitunga wanamapinduzi, ilianza mwaka wake Septemba, na tarehe zake zilitumika kwenye rejista hadi mwisho wa 1805. Tumia jedwali la kubadilishia, usibadilishe kwa kichwa, kwa kuwa siku ya mwaka mpya haikuangukia tarehe ileile kila mwaka. Mtego wa pili huwapotezea watu muda mwingi zaidi: kati ya Septemba 1798 na Februari 1800 hivi, ndoa zilifungwa kwenye makao makuu ya kantoni, yaani kundi la komine za jirani, siyo kijijini. Ukikuta rejista ya kijiji haina ndoa hata moja kwa miezi 17, usiandike kwamba vijana walikwenda vitani wote. Fungua rejista ya makao makuu ya kantoni, utawakuta maharusi wako.

Ukishachora mstari wa idadi kutoka 1793 hadi 1911, kuna jambo moja la haki kulisema kuhusu Meuse. Mkoa mzima ulikuwa na watu kama 328,000 mwaka 1851, na kama 278,000 mwaka 1911. Watu 50,000 walipungua bila bomu hata moja: viwanda vya chuma vilivuta vijana, Paris ikavuta wengine, na familia zikaanza kuzaa watoto wachache. Sensa ya 1921 ilikuta kama 207,000, na hapo ndipo vita vinaonekana. Anayeulaumu 1916 kwa upungufu wote wa vijiji vya Meuse hajautazama mstari tangu mwanzo.

Na wale 422 walikwenda wapi? Jibu linapatikana, kaya kwa kaya, kwa subira. Anza na kaya ya 1911. Kwa kila mwana wa kiume aliyefika miaka 20, tafuta daftari la uandikishaji jeshini kwenye hifadhi ya nyaraka ya mkoa, mfululizo wa R, yaani fungu la nyaraka za jeshi na vita. Daftari hilo linataja kimo, kiwango cha kusoma na kuandika, majeraha, na jambo lenye faida kuliko yote: anwani alizohamia. Mwanaume aliyekuwa bado chini ya wajibu wa jeshi alitakiwa kutoa taarifa kila alipohama, kwa hiyo utaona tarehe na jina la komine alikokimbilia, na mara nyingi familia nzima iko naye. Aliyekufa vitani ana kadi yake kwenye tovuti ya wizara ya ulinzi, Mémoire des hommes, ambayo hutafutwa pia kwa mahali pa kuzaliwa.

Kwa wanawake njia ni nyingine. Tangu sheria ya 1897, ndoa huandikwa pembeni mwa cheti cha kuzaliwa, hata kama ilifungwa upande wa pili wa nchi. Kifo kilianza kuandikwa pembeni namna hiyo kuanzia 1945. Msichana aliyezaliwa Fleury 1900 akaolewa 1922 mkoa wa kusini ataonekana pembeni, ilimradi nakala ya rejista ipo. Pasipo na nakala, chukua sensa ya 1921 na ya 1926 ya komine za jirani na ya mji wa Verdun, ushuke na safu ya mahali pa kuzaliwa ukitafuta Fleury. Tahadhari hapa: mkoa huohuo ulikuwa na Fleury-sur-Aire, na Ufaransa imejaa akina Fleury. Karani akiandika "Fleury" tu, usikubali mpaka jina la ukoo lioane na orodha ya 1911. Mafaili ya fidia ya vita, nayo kwenye mfululizo wa R, yatakukamilishia picha: humo mna ukubwa wa nyumba, idadi ya ng'ombe, na anwani ya mwenye mali siku aliposaini.

Rejista za kuzaliwa na ndoa hufunguliwa kwa umma baada ya miaka 75, za vifo mara moja, na orodha za sensa nazo baada ya miaka 75. Kwa hiyo hakuna kizuizi cha kisheria kwa kazi yote niliyoieleza, na kurasa nyingi zimewekwa mtandaoni bure.

Mwenye kufika Fleury leo atembee na ramani ya viwanja iliyochorwa kufuatia sheria ya 1807. Njia za msituni zinafuata barabara za zamani, na vibao vinaonyesha palipokuwa na shule, mwoka mikate, mhunzi, mgahawa, birika la kufulia. Kanisa dogo limejengwa palipokuwa na kanisa la kijiji. Makumbusho ya Verdun, yaliyofunguliwa 1967, yamekaa mahali pa kituo cha zamani cha treni cha Fleury. Makaburi ya kijeshi yaliyo mbele ya jengo la mifupa la Douaumont, yenye askari zaidi ya 16,000, yanabeba jina la Fleury-devant-Douaumont. Baki kwenye njia: mashimo yaliyofunikwa na mimea midogo laini ya kijani bado yana vyuma vinavyoweza kulipuka, na ni marufuku kuchimba au kupita na kifaa cha kutafutia chuma. Mwaka 2013 wageni waliona mifupa imejitokeza kwenye udongo wa Fleury, na wataalamu walipochimba walipata mabaki ya askari 26 wa Kifaransa, baadhi yao wakatambuliwa kwa vibao vyao vya majina.

Ukitaka kijiji kimoja cha kujifunzia kazi hii, anza na kilicho hai kwanza, chenye mfululizo kamili wa rejista na sensa 1836 hadi 1936, uzoee mwandiko na vifupisho. Halafu njoo Fleury na orodha ya 1911 mkononi, na uanze na kaya namba 1.